Kawawa Alipokuwa Nyota wa Sinema

Tarehe 22 Januari 1962, wiki sita baada ya bendera ya Uhuru kupandishwa Dar es Salaam, Julius Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu wa Tanganyika ili arudi vijijini kukijenga chama cha TANU. Kiti chake alimkabidhi Rashidi Mfaume Kawawa, kijana wa miaka 35. Wanahistoria wanapofika hapo huorodhesha vyeo vyake: katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, mjumbe wa Baraza la Kutunga Sheria, waziri wa serikali za mitaa. Kimoja hukipita haraka, au hukitaja kama kichekesho cha pembeni. Miaka kama kumi kabla ya siku ile, Kawawa alikuwa mwigizaji wa sinema, na ndiye aliyebeba nafasi ya kwanza katika filamu ya Kiswahili iitwayo Muhogo Mchungu.

Makala haya yanakifuata cheo hicho kilichosahauliwa. Kazi yake ya uigizaji ilikuwa fupi mno. Hata hivyo, bila kuipitia ni vigumu kuelewa jinsi karani wa serikali ya kikoloni alivyojifunza kusimama mbele ya umati na kusikilizwa.

Kawawa alizaliwa tarehe 27 Mei 1926 huko Matepwende, Songea, akiwa mtoto wa kwanza kati ya wanane wa mwindaji wa tembo. Alisoma Liwale, kisha Dar es Salaam, kisha Tabora, shule ya serikali ambayo Nyerere naye alipitia. Kwa mwanafunzi wa Tabora aliyefaulu vizuri, hatua iliyofuata ilikuwa Chuo cha Makerere, Uganda. Kawawa hakwenda. Wadogo zake walikuwa wanamtegemea, na mshahara wa karani ulilipa ada zao. Akaajiriwa serikalini, kwanza kwenye hesabu, baadaye kwenye idara ya ustawi wa jamii. Idara hiyo ya pili ndiyo iliyomkutanisha na kamera.

Kufikia wakati huo serikali za Waingereza Afrika Mashariki zilikuwa zimeshahangaika na sinema kwa muda mrefu. Jaribio kubwa la kwanza lilifanyika kati ya 1935 na 1937 huko Vugiri, kwenye miinuko ya Usambara, karibu na Korogwe. Lilibuniwa na Baraza la Kimataifa la Wamisionari kwa fedha za Shirika la Carnegie la Marekani, na likaongozwa na Meja L. A. Notcutt, aliyewahi kusimamia mashamba ya mkonge, pamoja na G. C. Latham, ofisa wa zamani wa elimu. Kwa miaka hiyo miwili walitengeneza filamu 35: minyoo ya safura, kodi, chai, malaria ya watoto, na hadithi ya sungura na chui.

Filamu za Vugiri hazikuwa na sauti ndani yake. Maelezo yalirekodiwa kwenye sahani ya santuri, na fundi wa maonyesho alilazimika kuanzisha sahani na projekta kwa pamoja. Sindano ikiruka, mdomo wa mtu kwenye kitambaa unasema jambo hili na sauti inasema lile. Faida yake ilikuwa kwamba filamu moja iliweza kupewa sahani za lugha mbalimbali na kuzungushwa kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini.

Waigizaji walikuwa watu wa hapohapo. Katika filamu yao ya mwanzo kabisa, iliyohusu Benki ya Akiba ya Posta, vibarua wawili wa shambani wanapokea mshahara. Mmoja anazika fedha zake ardhini na mwizi anazifukua, mwenzake anaziweka benki na kubaki nazo. Mtazamaji wa leo atauona ufundi wake kuwa duni, lakini muundo wa hadithi umekaa sawasawa: watu wawili, uamuzi mmoja, matokeo mawili. Muundo huo wa mjinga na mwerevu ulitawala sinema ya kikoloni kwa miaka 20 iliyofuata. Wale vibarua waliocheza hawakupewa nafasi ya kuwa watu wenye majina. Walikuwa mifano.

Vita Kuu ya Pili ilipoanza mwaka 1939, London iliunda Kitengo cha Filamu cha Makoloni chini ya William Sellers, aliyekuwa amefanya kazi ya afya Nigeria. Sellers aliamini kwamba Mwafrika hawezi kufuata sinema ya kawaida. Kwa maoni yake picha lazima ziende polepole, kamera isihamehame, na hila za ufundi zote ziondolewe. Nadharia hiyo iliandikwa, ikafundishwa na kurudiwa kwa miaka mingi. Wakati huohuo, wakazi wa Zanzibar, Mombasa na Dar es Salaam walikuwa wakilipa senti zao kwenye kumbi za sinema kutazama farasi wa Marekani wakikimbizana na nyimbo za Bombay zikipokezana, bila kumwomba ofisa yeyote awafafanulie. Maofisa walipokuwa wanajadili kama Mwafrika anaelewa filamu, Mwafrika wa mjini alikuwa ameshachagua nyota anaowapenda.

Miji nayo ilikuwa inafurika. Dar es Salaam ilihesabiwa kuwa na watu karibu 70,000 mwaka 1948. Mwaka 1957 walikuwa karibu 129,000. Kila basi kutoka bara lilishusha vijana waliokuja kutafuta kazi, na serikali iliwaogopa. Iliwaita wahuni, ikawasaka kwa vibali na kodi, ikawarudisha makwao kwa nguvu, nao wakarudi tena. Kutokana na hofu hiyo likazaliwa wazo la filamu za hadithi zitakazomwonyesha mtu wa shamba hatari za mjini, kwa lugha anayoijua na kwa nyuso zinazofanana na yake.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Tanganyika iliingia mkataba na kampuni ya African Film Productions ya Johannesburg. Kampuni hiyo iliasisiwa na tajiri I. W. Schlesinger, na ndiyo iliyotengeneza De Voortrekkers mwaka 1916, filamu ya kuwatukuza Makaburu na safari zao. Hao ndio waliofika Dar es Salaam kutengeneza sinema ya Waswahili, nchi yao ikiwa imeingia kwenye siasa za ubaguzi tangu uchaguzi wa 1948. Kutokana na mkataba huo zikatoka filamu kadhaa, zikiwemo Muhogo Mchungu, Chalo Amerudi, Wageni Wema na Dawa ya Mapenzi.

Kawawa alifaa kwa kazi hiyo kuliko wengi. Katika kampeni ya kufuta ujinga wa kusoma na kuandika alikuwa ameongoza gari la sinema lililozunguka vijijini, kwa hiyo alishawaona watazamaji kutoka upande ambao mwigizaji wa ukumbini haupati kamwe, yaani kando ya projekta, akiwa amewaelekea.

Maonyesho ya aina hiyo yalikuwa na utaratibu wake. Gari linafika jioni na kusimama kwenye uwanja wa shule au mbele ya baraza la jumbe. Jenereta inawashwa mbali kidogo ili mlio wake usimeze sauti, kitambaa cheupe kinafungwa kati ya nguzo mbili, na watoto wanakaa chini mbele kabisa. Giza likitanda, mwale wa projekta unajaa wadudu. Kisha mtu mmoja anashika kipaza sauti, kwa sababu filamu nyingi zilikuwa bubu au zilizungumza Kiingereza. Mtu huyo ndiye aliyeamua jioni iwe ya namna gani. Akisoma maelezo kama tangazo la kodi, watu wanasinzia. Akijua kutania, kunyamaza mahali pake na kujibu kelele za mzee wa nyuma, kijiji kizima kinacheka pamoja naye. Maofisa wa kikoloni walimwona mtu wa kipaza sauti kuwa chombo cha kupitishia ujumbe. Kwa kweli alikuwa nusu ya onyesho.

Muhogo Mchungu ilimweka Kawawa ng'ambo ya pili ya mwale huo. Alicheza mtu wa shamba anayeingia mjini na ushamba wake wote, akakutana na wajanja wa Dar es Salaam. Ni aina ya kichekesho ambayo kila jamii ya Waswahili inayo tayari katika hadithi zake, na kwa sababu hiyo watazamaji hawakuhitaji kufundishwa namna ya kuitazama. Wenye mradi walitaka mtu wa bara aone hayo na abaki na jembe lake. Lakini kichekesho hakimtii mwenye kukilipia. Mtu wa Kariakoo aliyemcheka mshamba huyo alikuwa anajicheka mwenyewe wa miaka mitatu nyuma, na kijana wa kijijini aliyeona taa, magari na mitaa ya mji kwenye kitambaa alikuwa amepewa sababu nyingine ya kupanda basi.

Jambo geni kuliko yote lilikuwa sura yenyewe. Hapakuwa na mkalimani aliyesimama kati ya mwigizaji na mtazamaji. Mtanganyika alikuwa akizungumza Kiswahili kwenye kitambaa, akibeba hadithi kuanzia mwanzo hadi mwisho, na watu wakamjua kwa uso. Vibarua wa Vugiri hawakuwahi kupata hilo. Kwa karani wa ngazi ya chini, umaarufu wa namna hiyo ulikuwa mtaji ambao hakuna ofisi iliyoweza kuuandika kwenye vitabu vyake vya hesabu.

Inafaa kuvuka Ziwa Tanganyika na kutazama jirani, maana Kiswahili hakikuishia Kigoma. Huko Kivu, mashariki mwa Kongo, kwenye milima ya Masisi na misitu ya Walikale, watu waliozungumza lugha hiyohiyo waliishi chini ya Wabelgiji, na Wabelgiji walikuwa wakali zaidi. Sheria ya mwaka 1945 ilikataza Wakongomani kuingia kwenye maonyesho ya sinema isipokuwa filamu zilizopitishwa na kamati maalumu kwa ajili yao. Mtu wa Masisi wa miaka hiyo aliona kile ambacho serikali au misheni ilikubali aone. Mapadri wakawa watengenezaji wakubwa wa filamu nchini. Wamisionari wa Afrika, wale wa kanzu nyeupe, walikuwa na kituo chao cha filamu Bukavu. Kule Kasai, padri Albert Van Haelst wa shirika la Scheut alitengeneza katika miaka ya 1950 vichekesho vya Matamata na Pilipili, mnene na mwembamba, wawili wanaoingia matatani kila uchao. Kongo nzima ikawacheka.

Matamata na Pilipili ni ndugu wa mshamba wa Kawawa. Wote watatu walibuniwa wafundishe kwa kuchekwa, na wote walipendwa kuliko somo walilotumwa kulifundisha. Tofauti ni walikoishia. Wakongomani wawili waliocheza sehemu hizo walimezwa na majina yao ya kuigiza. Utawala wa Kibelgiji uliwafungia watu wake siasa za vyama hadi mwishoni kabisa mwa miaka ya 1950, na mchekeshaji wa misheni hakuwa na mlango wa kutokea kuelekea jukwaa jingine. Tanganyika ilikuwa chini ya udhamini wa Umoja wa Mataifa, ukaguzi wake ulikuja kila baada ya miaka michache, na vyama vya watumishi viliruhusiwa, japo kwa shingo upande. Mlango ulikuwa nusu wazi, na Kawawa akaupita.

Alikuwa ameanza mapema. Mwaka 1951 alishika uongozi katika Chama cha Watumishi Waafrika wa Serikali, TAGSA, na baadaye akawa rais wake. Mwaka 1953 serikali ilimpeleka Urambo, magharibi mwa nchi, kuwahudumia Wakikuyu waliokamatwa Tanganyika kwa tuhuma za kuhusika na uasi wa Mau Mau wa Kenya na kuwekwa kizuizini. Kwa mtu aliyetoka kuchekesha kwenye kitambaa, kambi ya wafungwa wa siasa ilikuwa shule ya pili, na masomo yake hayakuwa na kichekesho ndani yake.

Sinema nayo ilikuwa inafifia. Filamu za hadithi ni ghali. Zinahitaji mitambo, wataalamu wa kigeni na soko la kurudisha fedha, na soko la kumbi za Tanganyika lilikuwa mikononi mwa filamu za Bombay na Hollywood. Mradi wa Johannesburg haukudumu. Mwaka 1955 London ikakifunga Kitengo cha Filamu cha Makoloni. Mwaka huohuo, Oktoba, vyama vya wafanyakazi vya Tanganyika vilijiunga kuwa Shirikisho la Wafanyakazi, TFL, kwa msaada wa Tom Mboya, kiongozi wa wafanyakazi wa Kenya, na Kawawa akachaguliwa katibu mkuu. Mwaka 1956 aliacha utumishi wa serikali ili awe huru kufanya siasa za TANU, kwani mtumishi wa serikali alikatazwa kujiunga na chama hicho. Kazi ya sinema ikaishia hapo, mwenyewe akiwa bado hajafikisha miaka 31.

Ukiangalia alivyofanya kazi TFL, unamwona tena mtu wa gari la sinema. Mikutano ya wafanyakazi ilifanyika uwanjani, mbele ya makuli, wapagazi, wapishi na madereva ambao wengi hawakusoma. Hotuba ilibidi iwe ya Kiswahili chepesi, iwe na mfano wa kushikika, na isimchoshe aliyetoka zamu. Mwaka 1958 wafanyakazi wa kiwanda cha bia Dar es Salaam walipogoma, TFL na TANU waliwaomba Waafrika waache kunywa bia ya kiwanda, na vilabu vikapoa. Mgomo ulitoka kiwandani ukaingia mezani kwa kila mnywaji. Kwa sadfa ya historia, miaka hiyohiyo huko Kongo, Patrice Lumumba, waziri mkuu wa baadaye wa nchi hiyo, alikuwa akiisambaza bia ya Polar mitaani Léopoldville na kujipatia marafiki kwa njia hiyo. Mmoja aliuza bia, mwingine aliizuia. Wote wawili walijifunza kwamba siasa huanza pale watu walipokusanyika tayari.

Kuanzia hapo mambo yalikwenda mbio. Septemba 1960 Kawawa akawa waziri. Januari 1962 akawa Waziri Mkuu, na Tanganyika ilipokuwa jamhuri tarehe 9 Desemba mwaka huo akawa Makamu wa Rais. Katika mwaka huo mmoja wa uwaziri mkuu, serikali yake ilipitisha sheria iliyobana migomo na nyingine ya kuweka watu kizuizini bila kuwafikisha mahakamani. Wenzake wa zamani wa vyama vya wafanyakazi hawakuzisahau. Askari walipoasi Januari 1964, yeye na Nyerere walivushwa kwenda kujificha Kigamboni, na uasi ulipozimwa, TFL aliyoiasisi ikavunjwa na nafasi yake ikachukuliwa na chama kimoja cha wafanyakazi kilichofungamana na serikali. Yeyote anayemsifu Kawawa lazima abebe na sehemu hii. Mtu aliyejua nguvu ya umati alijua pia jinsi ya kuufunga.

Lakini lugha hakuiacha. Tarehe 4 Januari 1967, akiwa Makamu wa Pili wa Rais, Kawawa ndiye aliyetangaza kwamba shughuli zote za serikali zifanyike kwa Kiswahili. Makarani wakahimizwa waandike barua kwa Kiswahili, na mabosi waliozoea kujificha nyuma ya Kiingereza wakatakiwa kusema wazi. Tangazo hilo huhesabiwa kuwa sehemu ya siasa za ujamaa, na ni kweli. Lilitolewa pia na mtu ambaye mapema kuliko kiongozi yeyote wa nchi hiyo alishaona, kwa macho yake na usiku baada ya usiku, watu wanavyobadilika wanapoambiwa jambo kwa lugha yao.

Sinema yenyewe ilichelewa kumfuata. Kitengo cha filamu cha serikali kilianzishwa mwaka 1963, na Kampuni ya Filamu Tanzania mwaka 1968. Fimbo ya Mnyonge ya mwaka 1974 ilirudia hadithi ya kijana anayetamani mji, safari hii akielekezwa kwenye kijiji cha ujamaa. Serikali ilikuwa imebadilika, hofu ya mji ilikuwa ileile. Mwaka 1986 ikatoka Mama Tumaini, iliyotengenezwa na Watanzania pamoja na Wanorwei. Halafu kompyuta na kamera ndogo zikaleta filamu za video, na kufikia miaka ya 2000 Dar es Salaam ilikuwa inatoa filamu za Kiswahili kwa wingi ambao hakuna ofisa wa 1950 angeuamini.

Filamu hizo zilivuka ziwa bila kibali cha kamati yoyote. Zilipakiwa kwenye mabasi na maboti hadi Bujumbura, Uvira, Bukavu na Goma, na kutoka Goma zikapanda milima kuelekea kwenye vibanda vya video. Steven Kanumba, aliyefariki Aprili 2012, alikuwa na mashabiki mashariki mwa Kongo kama aliokuwa nao Sinza. Na kwenye michezo ya runinga ya Dar es Salaam, mchekeshaji Abdallah Mkumbila alijulikana kwa watazamaji kwa jina la Muhogo Mchungu, wengi wao wakiwa hawajui kwamba jina hilo liliwahi kuwa la sinema ambayo nyota wake alikuja kuwa Waziri Mkuu.

Kawawa aliendelea na utumishi kwa miongo mingi: Waziri Mkuu tena kuanzia 1972 hadi 1977, kisha ulinzi, kisha ukatibu mkuu wa CCM, chama kilichoirithi TANU. Watu walimwita Simba wa Vita. Alifariki tarehe 31 Desemba 2009 katika Hospitali ya Muhimbili. Wasifu uliosomwa ulikuwa mrefu, na haki yake kuwa hivyo.

Historia ya sinema yetu imezoea kuanza na watengenezaji: meja wa Vugiri, ofisa wa London, kampuni ya Johannesburg, padri wa Kasai. Hao ndio walioacha mafaili. Ikianzia kwa waigizaji, inaanza na kibarua wa shambani anayezika mshahara wake mbele ya kamera, inapita kwa Wakongomani wawili walioichekesha nchi nzima, na inamkuta karani wa miaka 20 na ushee aliyepewa nafasi ya mjinga akaicheza kwa akili. Wakoloni walimlipa awaonye watu wasiende mjini. Yeye akatumia aliyojifunza pale kuwaita watu uwanjani, na walikuja.